Mjadala: Silabasi ya Kiingereza ya kupanda ngazi inamfaa kweli mtoto wa msimu wa korosho?

MwlTandahimba:

Wakuu habari za jioni. Mi nafundisha Kiingereza sekondari ya kata huku Tandahimba na leo naomba tujadili jambo ambalo kwenye vikao vya idara halipewi hata dakika tano, silabasi ya lugha inapangwaje na kwa nini imepangwa hivyo. Sizungumzii lugha ya kufundishia, ule mjadala upo toka Tume ya elimu ya Makweta ya 1982 na najua kuna mtu atauleta tu, naomba tuuweke pembeni. Nauliza hivi, tukishakubali mtoto anafundishwa Kiingereza kama somo, kipi kianze, kipi kifuate, na mtoto aliyekosa cha katikati anarudi wapi?

Msimamo wangu nautoa mapema. Silabasi yetu imejengwa kama ngazi, mada ya leo inasimama juu ya mada ya jana, na anayeipanga anamhesabu mtoto kuwa yupo darasani wiki zote za mwaka. Huku kwetu hayupo. Mwezi wa kumi korosho zinaanguka, familia zinahamia mashambani kuokota, wengine wanalala hukohuko kwenye vibanda mpaka mnada upite na hela ya chama cha msingi itoke, ukiita majina asubuhi unajibiwa "yupo shamba mwalimu". Akirudi wenzake wapo mbali. Na kwa kuwa mwaka wa shule nao unaishia wakati huohuo, mada zinazoliwa na msimu kila mwaka ni zilezile, za mwisho wa kitabu. Mi nataka silabasi ya mzunguko, iliyopangwa kwa kazi za kufanya na lugha, ambayo mambo ya msingi yanarudi na kurudi mpaka yakae.

Kwa wasio walimu nieleze kidogo. Mwaka 1976 Mwingereza D. A. Wilkins aliandika kwamba silabasi za lugha ukizichuja zinabaki aina mbili. Moja inaikata lugha vipandevipande, wiki hii wakati uliopo, wiki ijayo wakati uliopita, halafu mwanafunzi ndiye aje kuviunganisha mwenyewe siku akitaka kuongea. Nyingine inamletea lugha nzimanzima ikiwa na jambo la kufanya ndani yake, na kanuni anazichomoa taratibu kadiri anavyoitumia. Wilkins huyohuyo alikuwa kwenye kundi la wataalamu wa Baraza la Ulaya walioanza kazi 1971, na 1975 ikatoka orodha ya van Ek ya mambo ambayo mtu anatakiwa aweze kuyafanya kwa lugha, kuomba, kukataa, kuuliza njia, kutoa maoni. Walengwa walikuwa watu wazima wa Ulaya wanaovuka mipaka kwa kazi na safari, yani watu ambao mahitaji yao unaweza kuwauliza wakakutajia.

Mtindo huo ukasambaa na sisi ukatufikia. Ukifungua silabasi ya sekondari ya 2005, fomu wani, unakuta mada zina majina ya namna hiyo, kuelekeza njia, kueleza shughuli za kila siku, kueleza kinachoendelea sasa, kuongelea familia, kuongelea yaliyopita, kueleza mipango ya baadaye, kuandika barua binafsi. Ukisoma majina unafurahi. Ingia ndani sasa. Shughuli za kila siku ni simple present, kinachoendelea ni present continuous, yaliyopita ni simple past. Majina yalibadilika ila mpangilio ulibaki wa tensi, na sisi walimu wote tunajua tulichokuwa tunafundisha.

Chukua ile s ya "she goes". Inafundishwa msingi, inafundishwa tena fomu wani mapema kabisa, na mtoto wa fomu foo bado anakuandikia "my mother go to the farm". Tunamwita mvivu. Lakini tafiti za miaka ya 1970 za Dulay na Burt, walipowalinganisha watoto wa Kihispania na wa Kichina wanaojifunza Kiingereza, zilionyesha wote wanafanana, ile ing inawahi kukaa na ile s inachelewa sana, lugha ya nyumbani iwe hii au ile. Ina maana kichwa cha mtoto kina mpangilio wake ambao haukuulizwa wakati kitabu kinapangwa. Kama s inataka mtoto akutane nayo miaka mitatu ndio ikae, kuipa wiki moja halafu ukaweka tiki kwenye azimio la kazi kwamba imefundishwa, hiyo tiki inamsaidia nani?

Kuna mtu aliijaribu njia nyingine na hakuijaribia Ulaya. N. S. Prabhu, kusini mwa India, kuanzia 1979 mpaka 1984, kwenye shule za kawaida. Silabasi yake haikuwa na orodha ya sarufi, ilikuwa orodha ya kazi za kufikiri. Soma ratiba ya treni useme nani atachelewa, soma ramani useme njia ipi fupi. Mwalimu anaanza kwa kufanya kazi moja na darasa zima kwa maswali na majibu, halafu kila mtoto anapewa nyingine inayofanana aifanye mwenyewe. Haikuwa lazima kuzungusha madawati wala kugawa vikundi. Mwaka 1985 Beretta na Davies wakachapisha tathmini ya matokeo, walikuta kwa ujumla kila upande unafanya vizuri kwenye mtihani wa aina yake, na kwenye mitihani isiyoegemea upande madarasa ya Prabhu yakawa mbele kidogo. Wenyewe walisema shule hazikulinganishwa kwa ukamilifu kwa hiyo siwauzii kama dawa ya kila kitu.

Mi darasani kwangu naandika ubaoni mabasi matatu ya kwenda Mtwara mjini. Basi A "leaves Newala at six and arrives in Mtwara at ten", basi B linatoka saa kumi na moja alfajiri lakini linasimama Nanyamba kupakia kwa muda wa saa mbili, basi C linatoka saa moja. Halafu kuna bibi mgonjwa yupo Tandahimba, ana miadi hospitali ya Ligula pale Mtwara saa tano na nusu, na anatakiwa kwanza apitie kwa mwanae Mikindani achukue kadi ya bima. Apande lipi? Hapo wanabishana kweli, mmoja anasema "Bus C is late teacher", mwingine anasimama "no, bus B stops, it stops!", kale ka s kanapita masikioni mwao mara ishirini na hakuna aliyesema leo tunasoma simple present. Na yule aliyetoka shamba jana anakaa anafanya na wenzake, kwa sababu kazi ya leo haimdai mada ya wiki iliyopita.

Haya, karibuni. Mnaopinga ndio nawahitaji zaidi.

MzeeWaRondo:

Mwanangu nimekusoma mpaka mwisho. Mimi nimestaafu, nimefundisha Kiingereza Lindi vijijini na Nachingwea miaka mingi, na naomba unisikilize bila haraka. Sisi tulifundishwa kwa hiyo ngazi unayoilaumu. Sentensi moja mwalimu anaitamka, darasa zima tunaifuata, anabadilisha neno moja, tunaifuata tena. Tulitoka tunaandika barua ya kuomba kazi ambayo mkuu wa idara anaisoma bila kuweka wino mwekundu. Leo mnafundisha mawasiliano na kijana wa fomu foo hawezi kuandika sentensi tano zilizonyooka. Kwa hiyo kabla hujaibomoa niambie utamlinda vipi mwalimu dhaifu. Hao walimu wa Prabhu nasikia Kiingereza chao kilikuwa kizuri. Mwalimu ambaye mwenyewe anabahatisha, ukimwondolea orodha ya sarufi umemwacha hana pa kushika, ataingia darasani atapiga hadithi za Kiswahili dakika arobaini. Ngazi inamsaidia mwalimu kabla ya kumsaidia mtoto. Hilo vijana wengi hamlioni.

BintMikindani:

Shikamoo mzee. Mi nipo msingi, naomba niongeze la kwetu. Kwa mtaala huu ulioanza kutumika Januari 2024 Kiingereza kinaanza darasa la kwanza, na mtoto wa kijijini anayeingia darasa la kwanza hata Kiswahili chenyewe ni kigeni kwake, nyumbani kwao ni Kimakonde toka asubuhi mpaka usiku. Sasa ukimpangia herufi, halafu silabi, halafu neno, halafu sentensi, kwa lugha mbili kwa mpigo, akiumwa malaria wiki mbili keshapotea kwenye lugha zote mbili. Mi nipo upande wa mzunguko kwa asilimia zote. Wimbo uleule, hadithi ileile, leo anashika maneno mawili, kesho matano.

KijanaWaRuangwa:

Dada hapo umenikumbusha, huku mkoa wa Lindi watu wa mradi wa elimu wa EQUIP-T walipokuja walikuwa na ule mpango wa Utayari wa Shule, watoto ambao hawakupita awali wanakaa na msaidizi wa palepale kijijini, wanapewa hadithi na michezo na nyimbo kabla ya kuanza darasa la kwanza. Haikuwa ngazi ile. Ilikuwa hadithi inarudiwa siku nyingi kwa njia tofauti na mtoto anaingia shule ameshakizoea Kiswahili.

Ila mwalimu wa Tandahimba kuna kitu umekiruka, tena kikubwa. NECTA. Mtihani ukija na swali la andika kitenzi hiki katika umbo sahihi, hilo basi lako la saa kumi na moja halimsaidii mtu. Mi nilikuwa na mwalimu anatuletea magazeti tujadili, tulimpenda sana, ila mwezi wa tisa wenyewe tukamwomba arudi kwenye past papers.

MwlTandahimba:

Mzee shikamoo, na nashukuru umeandika kwa urefu. Hoja ya mwalimu dhaifu ni nzito na sitaki kuipita juujuu. Nakubali mwalimu anahitaji pa kushika. Lakini kwenye orodha ya sarufi anashika nini? Anaandika kanuni ubaoni, mifano mitatu kutoka kitabuni, zoezi, basi, na Kiingereza chake hakikui hata kidogo kwa sababu miaka kumi anarudia mifano mitatu ileile. Mpe kazi zilizoandikwa tayari, na maswali ya kuuliza yameandikwa, na majibu ambayo watoto wanaweza kuyatoa yameandikwa, ana pa kushika na bado anatumia lugha. Kuandaa vitu kama hivyo ni kazi ya Taasisi ya Elimu, siyo ya mwalimu mmoja na chaki yake.

Halafu mzee wangu, miaka yenu sekondari waliingia wachache waliochujwa. Leo Tandahimba nzima inaingia fomu wani na ndivyo inavyotakiwa. Na bado mwaka 1984 Criper na Dodd walipozunguka shule zetu wakaandika kwamba Kiingereza cha wanafunzi wengi wa sekondari hakiwawezeshi kusoma masomo mengine, na hapo tulikuwa bado tunafundisha kwa ngazi na hao wachache waliochujwa.

Kijana wa Ruangwa, NECTA sijairuka. Mtoto akishakuwa amekutana na "leaves" na "arrives" mara mia mbili kwenye kazi, kumwonyesha kanuni yake ni kipindi kimoja na anaielewa hapohapo. Mi sarufi nafundisha, naifundisha baada ya kazi, pale walipokosea wengi. Ninachokataa ni sarufi kuwa ndiyo uti wa mgongo wa mwaka mzima. Na mtihani wenyewe una ufahamu, una barua, una kueleza kwa maneno yako. Mtoto wa ngazi akifika huko ndipo anaacha nafasi tupu.

MamaChikongola:

Mimi siyo mwalimu, nauza sokoni Chikongola na nina watoto watatu shuleni. Naomba nisionekane mkorofi lakini mwalimu hiki unachokitetea ni utoro. Yani badala ya kumwambia mzazi mtoto abaki shule mwezi wa kumi, tunapanga masomo yamsubiri mtoro? Wangu hawaendi shamba, wanakaa darasani, kwa nini wafundishwe kitu kilekile mara tano kwa ajili ya wengine? Mzazi akijua masomo yanarudi atasema ah mwache tu aokote, atakuta mengine. Jando na unyago tulipiga kelele mpaka vikasogezwa likizo, na korosho nayo tupige kelele hivyohivyo.

MwlTandahimba:

Mama nimekuelewa na haujawa mkorofi. Tupige kelele, mi nipo mstari wa mbele, nimekwenda kwa wazazi mpaka mashambani. Lakini kuna nyumba nimefika baba hayupo, mama ana mtoto mgongoni na ekari tatu chini ya mikorosho, korosho ikikaa chini ikanyeshewa inaharibika daraja na ile ndiyo sare na chakula cha mwaka. Mtoto huyo nitamgombeza mwezi wa kumi, sawa, na mwezi wa kwanza atakuwa mbele yangu fomu tu, yani kidato cha pili. Nimfundishe vipi?

Na mzunguko siyo kurudia kitu kilekile. Bruner wa Marekani alipoliandika hili 1960 alisema jambo linarudi likiwa limepanda uzito. Basi la fomu wani linakuwa ratiba, fomu tu linakuwa ajali na mashahidi wawili wanaopishana maelezo, fomu sirii linakuwa hoja kama nauli ipande au isipande. Wanao waliobaki darasani kila mzunguko wanakwenda mbali zaidi, hakuna anayewazuia. Kwenye ngazi ndiko wanakozuiwa, kwa sababu mwalimu akirudi na wale arobaini waliokosa anarudia somo lilelile kwa wote, na wanao wanasinzia.

MsomiMasasi:

Naona mmegawanyika kati ya sarufi na kazi kama vile hakuna cha tatu. Kuna kupanga kwa maneno. Michael West 1953 alitoa orodha ya maneno kama 2000 yanayotumika sana, halafu Birmingham miaka ya 1980 walipoanza kuhesabu maneno kwa kompyuta, Dave Willis akaandika 1990 kwamba maneno 700 ya juu kabisa yanabeba karibu asilimia 70 ya maandishi ya Kiingereza. Asilimia 70! Mtoto akimaliza msingi anayo hayo 700 vizuri, na namna yanavyoshikamana na mengine, tensi zitakuja zenyewe. Kuhusu mtoro, orodha ya maneno anaweza kupewa akaenda nayo hata shamba.

MwlTandahimba:

Msomi hiyo nimeipenda na ningefurahi msingi wangeifuata, hasa hiyo ya neno na jinsi linavyoshikamana na wenzake. Lakini hiyo asilimia 70 sehemu kubwa inabebwa na vile vineno vidogo vya kuunganishia, the, of, and, to, in. Fungua kitabu cha Baiolojia fomu wani ukurasa wowote. Maneno yanayomkwamisha mtoto yapo kwenye ile asilimia 30 iliyobaki, na ndiyo yenye maana ya ukurasa. Kwa hiyo mi ningesema maneno tuyachukue huko anakoenda kusoma, tuyaweke ndani ya kazi. Mchoro wa ua la mkorosho na maelezo ya Kiingereza mistari sita, mtoto aandike majina ya sehemu kwenye mchoro. Anakuwa anasoma Kiingereza na Baiolojia kwa pamoja, na ua analijua kuliko mimi.

Mzalendo_Lindi:

Mnajisumbua tu. Fundisheni kwa Kiswahili toka chekechea mpaka chuo kikuu, haya yote yanaisha leo.

BintMikindani:

Hayaishi kaka. Kiingereza kikibaki somo tu bado lazima mtu akae chini apange kipi kinaanza. Tena kikiwa somo tu vipindi vitapungua, mpangilio ndio utatakiwa uwe mzuri zaidi.

MzeeWaRondo:

Mwalimu umenijibu kwa adabu na nimekuelewa kwenye kazi zilizoandikwa tayari. Kama mwalimu anapewa maswali na majibu mkononi, woga wangu unapungua. Haujaisha. Niambie moja la mwisho, darasa la watoto tisini, kila mmoja amefanya kazi yake kwa maneno yake, wewe unasahihisha saa ngapi? Zoezi la sarufi nilikuwa nasahihisha madaftari tisini jioni moja kwa sababu jibu ni moja. Hizi insha zenu za basi?

MwlTandahimba:

Mzee hapo umegusa panapouma, na hapo ndipo Prabhu alinifaa kuliko wengine wote. Kazi zake karibu zote zina jibu. Bibi apande basi lipi, saa ngapi atafika, atachelewa dakika ngapi. Mtoto anaandika "Bus A" na sentensi mbili za sababu. Kwanza nasahihisha jibu, ukiliona tu unajua amesoma na kuelewa au amebahatisha, na hayo madaftari tisini namaliza kabla ya magharibi. Zile sentensi mbili sizisahihishi kwa wote kila siku. Nachukua daftari kumi na tano kwa zamu, kesho kumi na tano nyingine, nikikuta kosa limejirudia kwa wengi nalipeleka ubaoni, hiyo ndiyo sarufi ya wiki. Mwezi uliopita lilikuwa hili la "did went", limejaa madaftari yote, tukakaa nalo kipindi kizima na walikuwa wanalitaka kwa sababu ni sentensi zao wenyewe zilizoandikwa ubaoni.

Nyumbani nina kazi za fomu wani za mihula miwili nimeziandika kwa mkono, zimegawanywa ili za mwezi wa kumi na wa kumi na moja ziwe zinarudia kwa uzito mpya yale ya mwezi wa pili mpaka wa nne, asiyekuwepo asikose kipya, aliyekuwepo aende mbele. Mzee kama utakubali kuzipitia na kalamu yako nyekundu nitazituma kwa basi la Nachingwea Ijumaa. Na Bint Mikindani naomba na wewe uniandikie za darasa la tatu unazofundisha, nataka nione mtoto anakuja kwangu akiwa ameshapita wapi.